Besi ya Mzee Kifurushi

Kwaya yetu ya posta ilikuwa na watu kumi na wanne, na mwenye besi ya kweli alikuwa mmoja tu. Tulimwita Mzee Kifurushi. Kwanza, alikuwa amefanya kazi katika chumba cha vifurushi miaka ishirini na tisa. Pili, yeye mwenyewe alikuwa mfupi, mpana, amekaza mkanda katikati kama mzigo unaosubiri kupimwa. Jina hilo alilipenda. Alikuwa akisema tofauti yake na vifurushi vingine ni kwamba yeye hajawahi kupotea njiani.

Mimi nilikuwa mchambuzi wa barua, na ndiye niliyekuwa mwalimu wa kwaya. Muziki sikuusomea, kinanda nilifundishwa na shangazi yangu, na pale kazini hapakuwa na mwingine aliyejua hata hicho kidogo. Basi wakaniita Mwalimu, nami nikavimba kichwa.

Meneja alituruhusu kufanya mazoezi Jumanne na Alhamisi mchana, kwa sharti moja: mashine ya kupiga mihuri isisimame. Na siku hizo mbili zamu ya mashine ilikuwa yangu. Ilikuwa mashine kuukuu ya chuma, ikiwashwa unadhani mtu anamwaga mawe juu ya bati. Ukitoka pale unaongea kwa kelele mpaka jioni bila kujijua.

"Nenda kafundishe, binti yangu," Mzee Kifurushi aliniambia siku ya kwanza. "Mashine nitaishika mimi. Besi haihitaji kufundishwa sana. Ni kama nguzo, ukishaichimbia imesimama."

Akawa anashika zamu yangu mpaka magunia yaishe, kisha anakuja kuimba nasi dakika ishirini za mwisho, jasho likimtiririka. Siku moja ikawa mwezi, mwezi ukawa mwaka. Ilipita miaka minne. Nilikuwa namwambia asante kama mtu anavyomwambia asante aliyemfungulia mlango.

Mwaka wa nne tukaalikwa kwenye mashindano ya kwaya za watumishi. Wangekuwepo watu wa hospitali, watu wa idara ya maji na walimu, ambao ndio walikuwa mabingwa. Nikapandwa na tamaa ya kikombe kile kuliko nilivyowahi kutamani kitu kazini. Na hapo ndipo nilipoanza kusikia kwamba Mzee Kifurushi anapotea. Alikuwa anaingia nyuma ya wenzake, tena chini ya sauti inayotakiwa, nasi wote tunamfuata shimoni.

"Mwalimu, mzee anatuzamisha," alisema mgawa barua mmoja tuliyemwita Baiskeli, mwimbaji wetu wa teno, sauti ya juu ya wanaume. "Umeshamrekebisha mara ngapi? Sikio la kufa halisikii dawa."

Watu wakacheka. Mzee alikuwa amesimama hatua tatu tu kutoka pale, akipangusa miwani yake. Nami nilicheka.

Wiki moja kabla ya mashindano nilimwita kwenye stoo ya magunia. Nilijiambia namwita pembeni ili nimhifadhie heshima yake.

"Mzee wangu," nikasema kwa sauti ya chini, "siku ile ya mashindano, naomba ufungue mdomo tu. Usitoe sauti."

Akanitazama. Nikadhani hakusikia. Nikarudia kwa nguvu zaidi, na kule ukumbini walikokuwa wanakwaya mazungumzo yakakatika ghafla. Wote walikuwa wamenisikia.

"Nilikusikia mara ya kwanza," alisema. "Nilidhani nimesikia vibaya."

Akaweka miwani yake vizuri, akarudi kwenye vifurushi.

Tulishinda. Nilipokuwa nawaongoza jukwaani sikuthubutu kugeuza macho upande wa kulia, lakini mara moja yalinitoroka. Alikuwa amesimama wima, shati limepigwa pasi mpaka linang'aa, mdomo unafunguka na kufumbika kwa wakati wake, neno kwa neno. Hakukosea hata mahali pamoja. Kikombe tukakiweka dirishani, juu ya mizani ya barua, wateja wakawa wanatupongeza.

Mwezi uliofuata mzee akastaafu. Tulimwimbia wimbo wa kumuaga. Yeye alikaa kwenye kiti cha mbele, akatusikiliza kwa adabu, akatushukuru, akaondoka na begi lake.

Zikapita wiki sita hivi, mke wake akaja kuchukua kifurushi kutoka kwa binti yao anayeishi mbali. Mimi ndiye niliyekuwa dirishani.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, Mwalimu. Hebu niambie, mlimfanya nini mume wangu?"

Nikamsogezea daftari la kusaini. Yeye alikuwa anatabasamu, lakini lilikuwa tabasamu la mtu aliyechoka.

"Tangu anioe, mtu yule amekuwa akiimba anaponyoa ndevu. Kila asubuhi. Mimi sijawahi kuwa na saa ya kuniamsha, saa yangu ni yeye. Sasa ananyoa kimya kama mwizi. Nikimuuliza, ananiambia sauti imestaafu pamoja naye."

"Labda amechoka, mama."

"Nilimpeleka hospitali. Daktari anasema masikio yameharibika, ni kelele za mashine. Nikamuuliza, wewe si mtu wa vifurushi, mashine umeipatia wapi? Eti kulikuwa na mwenzake ambaye yeye alikuwa akimshikia zamu." Akasaini, akachukua mzigo wake. "Ana moyo mzuri mno, mzee wangu. Huyo mwenzake nadhani hata hajui."

Alipotoka niliweka kibao cha 'Dirisha Limefungwa', nikaenda kwenye meza yangu na kuvuta droo ya chini. Chini ya karatasi za nyimbo kulikuwa na vifuniko vya masikio, vile vikubwa vinavyovaliwa kichwani. Nilikabidhiwa siku nilipopangiwa ile zamu, nikatia saini. Vilikuwa jozi moja tu ofisi nzima, kwa ajili ya anayesimama kwenye mashine. Nilipomwachia mzee zamu yangu sikukumbuka kumwachia na vifuniko. Mara ya pili, kusema kweli, nilikumbuka. Nilikuwa na haraka, wenzangu walikuwa wananisubiri, nikasema nitampa Alhamisi.

Siku tatu sikula vizuri. Nafsi ilinisuta hata nikisikia mtu anapiga mluzi. Jumamosi nikavitia vifuniko ndani ya mkoba, nikaenda kwao.

Nilimkuta uani akigongomea mguu wa kiti. Alifurahi kuniona, na furaha yake ilinichoma kuliko kama angenifukuza. Nilikuwa nimejiandaa kusema polepole, kwa maneno niliyoyapanga njia nzima. Lakini masikio yake yalikuwa yamezidi kudhoofika.

"Sema kwa nguvu!" alisema. "Upepo huu unakula maneno."

Hapakuwa na upepo. Basi nikayasema kwa nguvu, nimesimama katikati ya ua. Nilisema kwamba vifuniko vilikuwepo, kwamba nilikuwa navyo mimi miaka yote minne, kwamba nilijua. Jirani aliyekuwa anafua aliacha kufua. Mke wake alitokea mlangoni na sufuria mkononi, akasimama papo hapo.

Mzee Kifurushi alivichukua vile vifuniko, akavigeuza, akapuliza vumbi.

"Kelele nilizijua," alisema. "Kila nikitoka pale kichwa kilikuwa kinavuma. Sikulazimishwa na mtu. Nilisema, acha mtoto wa watu afundishe, kwaya ipate kusimama. Hivi sikuvijua."

"Nisamehe, mzee wangu."

"Nitakusamehe. Wewe si mtu mbaya." Akanirudishia vifuniko. "Ila usiniharakishe. Unajua kilichoniuma? Masikio ni uzee, nilisema hivyo. Lakini aliyenikuta nimepoteza sauti, akaniambia nisitoe sauti, ni wewe. Nilifika nyumbani siku ile nikawa naogopa hata bafuni kuna watu wananisikia."

Nililia. Hakunibembeleza, wala hakunifukuza. Mke wake alirudi ndani bila kunisemesha, na chai aliyoileta baadaye aliiweka mezani kikombe kimoja, cha mumewe.

Jumanne niliwaeleza wanakwaya yote, pamoja na lile la droo. Baiskeli aliinamisha kichwa. "Lakini tulishinda, Mwalimu," alisema, kama mtu anayenipa mkono nishike, nami nikamwambia ndiyo, tulishinda. Nikamkabidhi kwaya. Nilimwandikia meneja barua nikieleza ya daktari na yangu. Nikapewa onyo la maandishi, na baada ya miezi mitatu vikaja vifuniko vipya vitano. Zamu ya mashine naishika mwenyewe sasa. Mchana wa mazoezi siwasikii wenzangu, nawaona tu kupitia kioo midomo yao ikifunguka.

Kwa mzee naenda Jumamosi moja moja. Tunacheza drafti, ananifunga, ananicheka. Neno la kwamba amenisamehe hajalisema, nami sijamuuliza. Chai siku hizi naletewa.

Jumamosi iliyopita mke wake alinifuata mpaka kwenye kamba ya nguo.

"Unadhani ataimba tena?"

"Sijui, mama," nikamwambia.

Akaitikia kwa kichwa. Mvua ilikuwa imeanza kudondoka, nikamsaidia kuanua nguo.