Mtafute Askari

Mimi ni mwoga, nasema bila aibu. Kwa mwoga huenda kicheko, ndivyo wasemavyo, lakini waliosema hawakunijua. Mwoga mwenye akili angebaki nyumbani Jumamosi ile. Mimi nikaenda Mtendeni kwenye kongamano la wadukuzi wa kompyuta, la kwanza Tabora, nikitafuta mjuzi wa kumuuliza nifanye nini.

Miezi miwili nyuma nilibadilisha tarakimu moja kwenye anwani ya tovuti ya hospitali fulani, mafaili ya wagonjwa yakafunguka. Sikuiba kitu, ila nilisoma, hata la jirani yangu. Kisha nikasikia polisi wanamtafuta aliyeingia. Tangu hapo pikipiki ikisimama nje, nachungulia dirishani. Mke wangu Levina ana mimba ya miezi saba, na sikumwambia neno.

Baada ya chakula, Jihan, mwendesha shughuli, akatangaza mchezo wa Mtafute Askari. Wadukuzi wa Marekani waliuanza zamani, maana polisi waliovaa kiraia hawakosi kwenye mikusanyiko yao. Anayemtambua askari ukumbini anapewa fulana.

Jihan akaninyooshea kidole mimi.

“Huyu hapa. Suruali imepigwa pasi, hajacheka tangu asubuhi, na kila anayeingia anamkagua.”

Ukumbi ukaangua kicheko. Vijana wawili wakasogea mlangoni kuniziba njia.

“Mimi si askari,” nikasema.

“Askari wote husema hivyo, kaka. Haya, tuambie umewahi kudukua nini.”

Ningeweza kudanganya. Lakini hofu haina akili, na nilichoogopa wakati ule ni wale vijana wa mlangoni. Nikaeleza yote: hospitali, tarakimu, mpaka mwezi wenyewe. Wakanipigia makofi. Kwa mara ya kwanza baada ya siku nyingi nikavuta pumzi.

Bwana mmoja mwenye fulana iliyopauka, aliyekuwa akicheka kuliko wote, akaja kunipa mkono. Hakuuachia.

“Asante, Dionis,” akasema kwa sauti ya chini. “Twende taratibu, gari liko nje.”

Jina langu sikuwa nimemtajia mtu yeyote pale. Nikamwomba aniache kwanza nimpigie mke wangu.

“Usijisumbue. Wenzangu wako naye nyumbani tangu saa nne,” akasema. “Ameapa kwa Mungu kwamba siyo wewe.”