Kola ya Chifu Okwudili

…ameleta uhai, anasema Mzee Nnanyelugo, aletaye kola ameleta uhai, Isee, na iwe hivyo, tunaitikia wote, na mimi naitikia, mdomo umezoea, miaka yote hii ya siasa mdomo wangu umejifunza kuitikia kabla kichwa hakijauliza kinachoitikiwa ni nini, na sahani ya mbao inatetemeka kiganjani mwake, amezeeka mzee huyu, kokwa za kola zimelala juu yake zimenona, zimeoshwa, nyekundu, kando yake kibakuli cha karanga zilizosagwa na pilipili, kola za Chifu Okwudili hizo, kazileta mwenyewe leo kwa mkono wake, na huyo hapo kaketi kochi la mkabala, kofia nyekundu ya uchifu imemkaa vizuri, anaitikia kwa sauti ya mtu asiyedaiwa na yeyote, nami kila nikimtazama simwoni kwenye kochi, namwona kwenye dirisha la gari, kioo kimeshushwa nusu, siku ile ya kuhesabu kura, anawaonyesha vijana wake kwa kidole, yule, yule mwenye kilemba cha njano, na mwenye kilemba cha njano alikuwa Nwakaego, mwenyekiti wa wanawake wa soko, muuza samaki wakavu, rafiki yangu niliyemwita dada, naye akiniita Mwalimu, aliyekaa mlangoni mwa shule miguu kainyoosha mbele akasema masanduku haya hayatoki hapa mpaka yahesabiwe, na nilikuwa karibu, niliona kidole, niliona kidole kwa macho yangu haya… mababu zetu, njooni mle kola, anasema mzee, Isee, usiitikie, Mwalimu… nani kasema, hakuna mtu, kiti cha kando yangu kitupu, wameniachia nafasi kwa heshima, ila harufu ya samaki mkavu imekaa pale, imekaa kabisa, kama mtu aliyefika mapema akachagua kiti.

Tangu azikwe Nwakaego haniachi. Huja mchana kweupe, kwenye mikutano, kwenye foleni ya benki, hasemi mambo makubwa, ananitania tu, na mimi naogopa, siogopi kumwona, naogopa siku atakayoacha kuja… tunaomba amani katika nyumba hii, Isee, amani ndiyo aliyoizungumza Obiorah asubuhi jikoni kwangu, Obiorah mdogo wa marehemu mume wangu, kasimama na kikombe cha chai yangu, mke wetu, tumia akili, tiketi ya seneti imekuja mpaka mlangoni, unataka ije na ngoma? Chifu amejitoa, amekuachia wewe, chama kizima kimekubali, wewe Alhamisi ukifika mahakamani sema tu hukuona vizuri, kulikuwa na moshi, nikamwambia hapakuwa na moshi, Obiorah, basi vumbi, akasema, Nigeria hii itakosa vumbi? akacheka, na mimi, Mungu anisamehe, nilicheka pia, maana Obiorah anachekesha, na maana nilikuwa nimeshachagua kitambaa cha kuvaa leo… Yaliyopita si ndwele, mke wetu, tugange yajayo, hakimu hana shahidi mwingine ila wewe, wale wengine wote wamekwishapata vumbi machoni.

Isee, sikusikia waliitikia nini, mzee amefika kwenye watoto, anawaombea watoto, waliozaliwa na watakaozaliwa, ana mkondo mrefu, hana haraka, kola haivunjwi kwa haraka, kwanza sahani izunguke kila mtu aione, imeshazunguka, na imepita kwangu, nimeonyeshwa, mimi, mwanamke nimeonyeshwa kola, mzee alisema mwenyewe, leo tunavunja desturi kidogo, mke wetu huyu ni dume, mwonyesheni, wakanishushia sahani mpaka magotini nikaigusa kwa ncha za vidole, na nilifurahi. Nilifurahi mpaka machozi yakanilenga. Maana nilikuwa kamishna wa elimu wa jimbo zima, nikaingia kwenye ukumbi huuhuu kwa gari lenye bendera, sahani ikafika kwangu ikapaa, ikapita juu ya mapaja yangu kama inavuka mfereji, ikaenda kutua kwa Sunday, dereva wangu, kwa kuwa Sunday ana ndevu, na Sunday wa watu akaishika huku akitazama viatu vyake, Mheshimiwa nisamehe, aliniambia kwenye gari, nisamehe sana, nami nikamwambia endesha, Sunday, na Nwakaego nilipomsimulia alicheka mpaka akashika meza ya samaki, Mwalimu! kumbe dereva ndiye kamishna! basi mwambie anipe kibali cha banda! Halafu akafuta macho kwa ncha ya khanga yake akasema, siku watakayokuonyesha wewe, jua wana shida na wewe… na sasa ananisogelea, kiti kinalia, hakuna mtu.

Kijasho chembamba, feni inazunguka na bado kijasho, jenereta inanguruma nyuma ya nyumba, mzee anapandisha sauti kuishinda. Nilipotaka ubunge wa jimbo kwa mara ya kwanza nilienda kijijini kwa baba yangu, wakaniambia binti, wewe umeolewa, kagombee kwa mumeo, nikaenda kwa mume wangu, wakaniambia mke wetu, wewe umekuja tu hapa, kagombee kwa baba yako, nikarudi sokoni kununua samaki nikalia mbele ya meza yake, mwalimu wa shule mzima, nalia, na Nwakaego akaendelea kufunga samaki kwenye gazeti, basi tugombee hapahapa, akasema, soko halina baba wala mume. Na wanawake wale wakanibeba, meza zao wakazifunga siku ya kura, wakanipeleka bungeni kwa ngoma na vifuniko vya sufuria, hakuna chama kilichonipeleka, hakuna chifu, na huyu Okwudili alisema redioni kwamba samaki wamechagua mbunge wao… atuepushe na mauti ya ghafla, Isee!, hapo ameitikia yeye, Okwudili, kwa nguvu, mkono juu ya goti, mauti ya ghafla, ati.

Haikuwa ya ghafla, Chifu. Ilichukua muda. Kichwa chake kilikuwa mapajani mwangu kwenye veranda ya shule, kilemba kimelowa damu, si njano tena, nipe maji, Mwalimu, nikakimbia bombani, bomba kavu, nikakimbia kwa polisi mmoja mwenye chupa, akanitazama, akaitazama chupa, akanipa, nikarudi mbio, maji yananimwagikia mkononi, na alikuwa ameshakwenda, macho wazi, akitazama mlango wa masanduku. Na kola ni chungu, kila mtoto wa hapa anajua, unaitafuna inakukunja uso, ila maji utakayokunywa baadaye huwa matamu, matamu kabisa, ndivyo mzee atakavyotuambia tukimaliza, kunyweni sasa muone utamu wa amani, wataniletea bilauri, na mimi nitakunywa? Maji matamu, dada? Kwa sababu waliotafuna kola moja hawapingani tena mahakamani, ardhi inakataa, mababu wanakataa, nikishaitafuna hii hata nikitaka kusema Alhamisi nitakuwa nimejilaani mwenyewe, wanajua, ndiyo maana wamenionyesha, hawakunionyesha kola kwa kuwa mimi ni dume, wamenionyesha kwa kuwa nina macho, lo, Uzoamaka, najiambia, umesoma wewe, umefundisha watoto wa watu hesabu… na Chikaodili, binti wa Nwakaego, alinipigia simu asubuhi, shangazi, Alhamisi nivae nyeupe au nyeusi? na mimi, kwa kuwa Obiorah alikuwa jikoni, nikamwambia nitakupigia, mwanangu.

Mzee ameinua sahani. Mwewe na atue, anasema, na tai naye atue, mti ni mmoja, tumeusikia tangu utotoni usemi huu, tumeuzoea hata hatuusikii, atakayemnyima mwenzake tawi, bawa lake na livunjike, na wale wote wameitikia Isee ile ya mazoea, nyepesi, wanaume wanaowaza nyama ya jikoni, na mimi ambaye kwa muda sasa sikuwa nimeitikia lolote nimesikia sauti yangu, ISEE, peke yake, imechelewa, kubwa, imegonga dari, mpaka Obiorah kanigeukia, mpaka mzee kasita, na Okwudili kanitazama, kwa mara ya kwanza leo kanitazama machoni, akaona nilichokiona kwenye dirisha la gari, na akaangusha macho kwenye kibakuli cha karanga. Kiti cha kando yangu kimetulia. Mzee amekohoa, anaendelea, mvua, mavuno, safari za barabarani, Isee, wanasema, sahani bado imo kiganjani mwake na kola haijavunjwa, itavunjwa, itanifikia, na nitairudisha taratibu kwa mikono miwili kama mke mwenye adabu, tiketi wataichukua papo hapo, na waichukue, kisha nitatoka uani nimpigie Chikaodili, nitamwambia avae njano, kinywa changu ninakitunza kwa ajili ya Alhamisi.