Mimbari Moja, Mahubiri Mawili

Mchungaji wetu alikuwa kinyozi kabla Bwana hajamwita, na wapo washirika wanaosema hadi leo kwamba siku hiyo mtaa ulipoteza kinyozi mzuri. Alisoma Biblia kwenye madarasa ya jioni, akasoma kwa machozi na maombi, akatoka huko na cheti, tai mbili na Kiingereza. Hicho Kiingereza ndicho kilichotuponza.

Sisi sote pale kanisani tunaongea Kiswahili. Yeye mwenyewe anaongea Kiswahili, na mkewe anasema hata kukoroma anakoroma kwa Kiswahili. Lakini alikuwa amewaona wahubiri wakubwa wakihubiri kwa Kiingereza na mkalimani pembeni, akaamini kwamba upako unapanda cheo ukipita kwa mkalimani. Basi akamsimamisha mkewe, Mama Mchungaji, ambaye alifanya kazi mapokezi hotelini na Kiingereza alikijua kumshinda.

Kila Jumapili walisimama wawili. Mchungaji akipaza sauti, Mama anapaza. Akinyoosha mkono, Mama ananyoosha. Akiruka, Mama anaruka nusu, kwa sababu ya magoti. Na mahubiri yalikuwa matamu, sitasema uongo. Tulilia. Walevi waliacha pombe, angalau mpaka katikati ya wiki.

Tulichokuwa hatukijui ni kwamba yalikuwa mahubiri mawili. Mchungaji alikuwa akieleza pembe za yule mnyama wa Ufunuo, na Mama akituambia tuwasamehe mawifi zetu. Utauliza, mume mtu hakusikia? Hakusikia. Mama alipokuwa akitafsiri, yeye alifuta jasho na kutafuta kichwani sentensi inayofuata, maana Kiingereza chake kilikuja kwa mgawo, kama maji ya bomba. Hakuwahi kuyasikiliza mahubiri yake mwenyewe hata siku moja.

Yangeendelea hivyo mpaka Yesu arudi, kama isingekuwa ziara ya Mwangalizi, mkubwa wa wachungaji wetu wote. Mchungaji alikuwa bado mchungaji wa majaribio. Mwangalizi angekuja Jumapili, akae mbele, asikilize. Akiridhika, anamwekea mikono kichwani, awe mchungaji kamili. Asiporidhika, kuna mashine ya kunyolea inamngoja, na duka alishamwachia mdogo wake, kwa hiyo angerudi kuwa kibarua wa mdogo wake.

Jumamosi mchana Mama alikuwa akipiga pasi suti. Haya alitusimulia mwenyewe baadaye, akina mama tulipokutana.

"Baba watoto, huyo Mwangalizi anajua Kiingereza?"

"Anajua? Amesomea ng'ambo! Kesho atayanywa mahubiri yangu bila kuchanganyiwa maji."

"Na Kiswahili?"

"Si ndiyo lugha aliyonyonya?"

Mama akaiweka pasi pembeni. "Basi tumekwisha."

Akamweleza yote. Mchungaji alisikiliza akiwa na soksi moja mguuni na nyingine mkononi.

"Umeongeza maneno juu ya Neno la Bwana!"

"Neno la Bwana lilikuwa wapi, mume wangu? Mimi nilisikia maneno yako. Watu walikuwa wanalala, nikawahurumia."

"Kwa hiyo ile Jumapili ya wanaume kuvua viatu mlangoni wasichafue sakafu..."

Mama akaichukua tena pasi.

"Nilishangaa wazee wa kanisa walivyoniangalia! Hilo nalo Bwana alikuambia?"

"Hilo nilijiambia mwenyewe," akasema Mama. "Lakini hata Bwana angekuwa anapiga deki nyumba hii..."

"Kesho utakaa na akina mama wengine. Atatafsiri mwalimu wa kwaya."

Sasa, mwalimu wa kwaya ni mtu mwaminifu. Ni mwaminifu mpaka anachosha. Ukimtuma chumvi, atarudi kukuuliza ya mawe au ya unga.

Jumapili Mwangalizi akakaa kiti cha mbele, miwani puani. Habari ilikuwa ya yule mwana mpotevu, ambayo Mchungaji alikuwa ameijengea nguzo saba. Akaanza. Mwalimu wa kwaya akayabeba maneno moja moja kama mayai.

"Nguzo ya pili ya upotevu," akasema mwalimu, "ni upotevu wa kimuundo."

Tukatazamana. Bibi mmoja tunayemwita Bibi Haleluya, kwa sababu analitumia neno hilo hata sokoni, akamgeukia jirani yake.

"Leo Mchungaji ana homa?"

"Nyamaza, bibi, kuna mgeni."

"Ninyamaze nini? Wiki iliyopita alinitoa machozi, leo ananiletea muundo."

Ilipofika nguzo ya tatu, nusu ya kanisa ilikuwa imefumba macho, na siyo kwa maombi. Mchungaji akaliona hilo, akanong'ona kitu kwa Kiingereza. Mwalimu wa kwaya, mtu wa Mungu, akapaza sauti:

"Ee Mungu wangu, mbona hawa watu wamelala!"

Kanisa zima likaamka. Mchungaji akamgeukia, akamwambia jambo kwa meno yaliyobana.

"Kaeni chini!" mwalimu akatuamuru. Sisi tulikuwa tumeshakaa.

Tulicheka mpaka watoto wakachungulia kutoka shule ya Jumapili. Mchungaji hakucheka. Alikuwa anamtazama mwalimu wa kwaya kama mtu aliyesikia sauti yake iliyorekodiwa kwenye simu kwa mara ya kwanza na kugundua ndivyo alivyo. Akamshika bega kwa upole, akamwonyesha kiti. Akafungua Biblia, akaanza kuisoma habari ile tangu mwanzo, kwa Kiswahili, polepole, kama mtu anayesoma ujumbe kutoka nyumbani. Alipofika pale baba anapomwona mwanawe kwa mbali na kumkimbilia, akasimama. Tukadhani amepotea mstari.

"Huyu mzee alikimbia," akasema. "Mtu mzima, mwenye mali zake, watumishi wanamwangalia. Alikimbia."

Akasoma tena kidogo.

"Na kijana alikuwa ameandaa hotuba. Njia nzima alikuwa anaikariri. Hotuba nzuri tu. Sasa hapa naona hakuimaliza. Baba alimkatiza, akaitisha nguo." Akafuta jasho. "Ndugu zangu, nimesoma mstari huu mara nyingi nikitafuta nguzo. Sikuwahi kuona kwamba hakumaliza. Mimi... sina zaidi ya hapo."

Akaketi. Hakuna aliyesema amina, na safari hii hakuna aliyekuwa amelala. Kutoka upande wa akina mama tukamsikia Mama Mchungaji akisema, taratibu lakini kila mtu akamsikia, "Hiyo hata mimi sikuiona."

Mwangalizi akasimama, akarekebisha miwani.

"Mchungaji, uliahidi nguzo saba. Nimepata tatu. Nyingine ziko wapi?"

"Zimeanguka, baba."

"Zimeumiza mtu?"

"Mimi tu, baba."

Mwangalizi akatugeukia. "Kanisa, mnasemaje? Mnamtaka huyu awe mchungaji wenu?"

Mchungaji alikuwa anaviangalia viatu vyake. Bibi Haleluya akanyanyuka kwa msaada wa bega la jirani.

"Atahubiri kwa lugha gani?"

"Hii hii, bibi," akasema Mchungaji.

"Na mkeo akiwa na la kwake?"

"Atasimama aseme ni la kwake. Na mimi vilevile."

"Basi mwekee mikono, Mwangalizi, watu wana njaa."

Mwangalizi akacheka mpaka miwani ikashuka, akamwita mbele. Mchungaji akapiga magoti. Na Mama Mchungaji, bila kuitwa na mtu, akapita katikati ya viti, akajishusha kwa shida, akapiga magoti pembeni yake. Wazee wa kanisa wakaguna, maana utaratibu hausemi hivyo.

Mwangalizi akaviangalia vile vichwa viwili. Akaiangalia mikono yake. Akaweka mmoja huku, na mmoja huku.