Mwezi wa Nili

Kwetu mwezi hauishi kwa kuhesabu siku, unaisha kazi yake inapoisha. Mwezi wa Wafinyanzi huisha tanuri likitoa chungu kisicho na ufa. Mwezi wa Wahunzi huisha jembe jipya likikata udongo bila kupinda. Na Mwezi wa Nili, unaoufuata, huisha pipa kuu la rangi ya nili likikubali: kitambaa cheupe kinazamishwa, kinatoka kijani, kisha kinageuka buluu mbele ya macho ya watu. Wageni wakisikia hivyo husema ni jambo zuri sana. Wageni hawana mtu gerezani.

Mume wangu ni seremala. Aliona mguu wa kiti cha Mshika Miezi umeliwa na mchwa, akajitolea kuutengeneza, akaambiwa asubiri Mwezi wa Maseremala. Haya. Siku Mshika Miezi alipoketi ili atangaze Mwezi wa Nili, mguu ukakatika, mzee mzima chali, kilemba huko, viatu huku. Sote tuliuma midomo. Mume wangu akacheka. Mshika Miezi aliinuka, akautangaza mwezi huku akijipangusa vumbi, kisha akamhukumu palepale: afungwe mpaka Mwezi wa Nili wa mwaka huu uishe.

"Usilie," mama mkwe aliniambia njiani. "Pipa si liko kwangu? Nalijua kuliko ninavyomjua huyo mwanangu."

Ni kweli. Pipa kuu alilirithi kwa mama yake. Lilikuwa katika chumba cha nyuma cha nyumba yetu, nusu yake imefukiwa ardhini, juu limefunikwa mkeka. Kila asubuhi alilifunua, akalikoroga taratibu, akalinusa, akalilisha pumba na maji ya majivu. Alikuwa akisema pipa ni kiumbe, linakula, linalala, linanuna, na halisukumwi.

Mimi nilipeleka chakula gerezani. Walimweka chini ya tangi la maji la mji, ambako kuta hazikauki. Tuliongea kupitia tundu la mlango. Mwanzoni alinitania, eti nimpelekee salamu Mshika Miezi, nimwambie mguu wa pili nao umeoza. Baadaye akaanza kukohoa. Kikohozi kikashuka kifuani, na utani ukakoma.

"Mwambie mama asiwe na wasiwasi," akasema siku moja, kwa sauti niliyolazimika kuitegea sikio.

Nilimfikishia mama mkwe maneno hayo kama yalivyo. Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi. Kuanzia hapo akawa anazamisha kitambaa asubuhi, mchana na jioni, na kila mara kinatoka kijivu. Siku nyingine nilirudi kutoka sokoni nikakuta chumba cha nyuma kimejaa mvuke. Alikuwa ameshika sufuria kwa pindo la kanga, anamimina maji yanayochemka ndani ya pipa.

"Mama! Unafanya nini?"

"Nalipasha moto kidogo tu. Baridi ndiyo inayolichelewesha."

"Si wewe uliyesema halisukumwi?"

"Nilisema hivyo mtoto wangu akiwa amelala nyumbani."

Kesho yake nyumba nzima ilinuka kuoza. Kitambaa kilitoka na rangi ya maji ya kuoshea vyombo. Pipa lilikuwa limekufa, na kuanzisha jingine kunataka majani mabichi ya mnili. Majani hayo hukatwa Mwezi wa Majani, na Mwezi wa Majani hauanzi mpaka Mwezi wa Nili uishe. Ukionekana shambani na mundu kabla ya hapo, unafungwa.

Nilimkasirikia mama mkwe. Nilimpikia, nilimtengea maji ya kuoga, lakini kumwangalia usoni sikuweza.

Tulikwenda kwa Mshika Miezi. Alitusikiliza akiwa juu ya kiti kipya, kiti ambacho hakikusubiri mwezi wowote.

"Haraka haraka haina baraka, mama," alimwambia mama mkwe. "Mtu mzima kama wewe, hilo hukulijua?"

Mji ukakwama. Majani yakaanza kukauka shambani. Harusi zilizopangwa Mwezi wa Majani zikasubiri, na majirani wakaacha kuitikia salamu zetu. Hayo yote hayakumgusa Mshika Miezi. Aliguswa matajiri wa mashamba walipokwenda kumgongea mlango. Asubuhi iliyofuata alituita uwanjani akatangaza: Mwezi wa Nili wa mwaka huu umefutwa. Haukuwepo. Siku zake zote zihesabiwe za Wahunzi, na leo ni siku ya kwanza ya Mwezi wa Majani.

Watu walipiga vigelegele. Mama mkwe alipiga kuwashinda wote, akanikumbatia, na mimi kwa mara ya kwanza nikamtazama usoni. Tulipitia nyumbani kuchukua shati safi, tukakimbia gerezani.

Askari wa lango tunamwita Ndivyo Ilivyo, kwa sababu hana jibu jingine.

"Hukumu yake inasemaje?" aliuliza.

"Mpaka Mwezi wa Nili wa mwaka huu uishe," nikasema.

"Umeisha?"

"Umefutwa! Hukuwepo uwanjani?"

"Nilikuwepo. Ndiyo maana nauliza. Mwezi ambao haukuwepo utaishaje?"

"Basi na kicheko hakikuwepo!"

"Kicheko alikicheka mwezi haujatangazwa. Kilikuwa cha Wahunzi, hicho kipo." Alitutazama kwa huruma, nakiri, na huruma yake ndiyo iliyonichoma zaidi. "Ndivyo ilivyo, dada. Nendeni mkazungumze naye, lakini funguo siwezi."

Mama mkwe alipiga magoti kwenye tundu la mlango. Ndani tulisikia kikohozi kirefu, halafu mtu anajikokota.

"Nimesikia vigelegele," mume wangu akasema. "Umeisha?"

Nilifungua mdomo. Mama mkwe akanishika mkono, akaubana hadi ukauma.

"Bado kidogo, mwanangu," akasema. "Pipa linakaribia. Wewe pumzika tu."

"Sawa, mama. Usilisukume."

Tulimwachia Ndivyo Ilivyo lile shati. Njiani tulipishana na watu wenye miundu wakienda kukata majani, na siku hiyo wote walitusalimia.