Koni Juu ya Nyumba ya Ombui

Nyabuto, fundi wa bati katika soko la Rangwe, alikuwa na neno moja alilolipenda karibu sawa na mkewe, na mkewe alilijua hilo. Neno lenyewe ni koni. Alilipata shule ya ufundi, huko alikosoma kidogo tu kabla ya kurudi nyumbani. Mwalimu alichora duara ubaoni, akaweka nukta juu yake, akaviunga kwa mistari miwili, akasema Wagiriki wa kale walitumia neno hilo kwa tunda la msonobari na kwa kilele cha kofia ya askari, kisha kila mwenye kazi akalichukua na kwenda nalo kwake. Nyabuto hakujua Wagiriki ni kabila la wapi, lakini alitoka darasani akihisi amepewa ufunguo.

Tangu siku hiyo dunia yote ikawa koni. Faneli ya kumiminia mafuta ya taa ni koni iliyopinduliwa na kukatwa ncha. Kifuniko cha koroboi ni koni. Bomba la kukuzia sauti alilomtengenezea mhubiri wa Sabato ni koni iliyolazwa, na karatasi ya kufungia njugu nayo ni koni isiyojua jina lake. Aliyeleta debe kuukuu atengenezewe faneli ilibidi kwanza amalize somo. Watu walivumilia, maana kazi yake ilikuwa safi na faneli zake hazikudondosha hata tone. Sokoni walimwita Mwalimu Koni. Yeye alidhani wanamsifu.

Basi mtu wa namna hiyo alikuwa akiishi boma moja na koni kubwa kuliko zote, na ndiyo iliyokuwa ikimtia aibu. Ilikuwa nyumba ya baba yake, mzee Ombui: msonge wa nyasi kando ya barabara, mahali ambapo kila apitaye aliuona kabla ya kuiona nyumba ya Nyabuto, yenye pembe nne na mabati. Mteja akija nyumbani, Nyabuto aliwahi kusema, "Ile ni ya mzee," upesi upesi, kama mtu anayeeleza doa kwenye shati.

Juu kabisa ya msonge ule palisimama mti mmoja uliochongwa, wenye urefu wa mkono. Waluo wa Rangwe huuita osuri. Wakisii wanao vilevile kwa jina lao wenyewe, na katika jambo hili makabila hayo mawili hayajawahi kubishana: mti ukiwa juu, mwenye nyumba yu hai, mti ukishushwa, mwenye nyumba amekufa. Haupelekwi ujumbe mwingine. Mti wa Ombui ulikuwa na historia yake pia. Alipohama kutoka Kisii na kuja Rangwe kulima na kuuza ndizi, aliyempa mahali pa kujenga alikuwa baba yake Walter, Mluo, jirani wa upande wa pili wa barabara, na siku ya kuezeka mzee huyo ndiye aliyeuchonga mti kwa mkono wake akampa. Kuanzia hapo Ombui hakuitwa mgeni tena.

Mwaka wa kwanza wa uhuru mvua za masika zilikuwa nyingi, na nyumba ya Ombui ikavuja palepale mti ulipochomeka. Maji yalimfuata mzee kitandani. Akaanza kukohoa, kifua kikabana, mwishowe wakampeleka hospitali ya Homa Bay, na mkewe Nyasuguta akaenda naye kumhudumia. Nyabuto akabaki na mkewe Mokeira, boma, na wazo.

Wazo lilikuwa na sura mbili, na alimwonyesha Mokeira ile nzuri tu. Mzee ameugua kwa sababu ya maji. Nitamtengenezea koni ya bati, niifunike kileleni, akirudi alale pakavu. Sura ya pili hakuitaja. Mwezi wa Agosti makambi ya Wasabato, mikutano yao mikubwa ya ibada, yangefanyika Rangwe, wageni wa kanisa wangefikia kwa Ombui kwa kuwa ni mzee wa kanisa, na Nyabuto hakutaka watu wenye tai wakae chini ya nyasi zenye ukungu wakiuliza mwana wa nyumba hii ni fundi wa nini. Koni ya bati ingemeta mpaka ng'ambo ya pili ya barabara. Lakini ili ikae sawa, mti lazima utoke.

Mokeira alimshika ngazi huku akitazama pembeni.

"Baba Kemuma," alisema, akimwita kwa jina la mtoto wao, "tata, mzee wetu, bado anapumua."

Nyabuto alijibu kutoka juu kwamba wao ni Wasabato, mambo ya kusoma miti waliyaacha mtoni walipobatizwa, na kwamba kilele ni kilele, kiwe cha Mgiriki kiwe cha Mkisii. Hapo alikuwa anajidanganya, kwa sababu mkono ulipoushika mti ulisita. Alijua. Alilijua jambo hilo kabla ya kujua kuhesabu. Akauvuta hivyohivyo.

Ulitoka kwa urahisi wa kuudhi. Akavika koni, akaigongea misumari, akashuka akairudia kuitazama kutoka barabarani mara kadhaa. Ilimeta kweli. Mti wenyewe ulikuwa umekaushwa na moshi wa miaka mpaka ukawa mgumu ajabu, mnene chini, mwembamba juu, na fundi akaona mara moja kwamba unafaa kukunjia bati. Akaenda nao sokoni. Tafadhali msiniulize kwa nini hakuuweka nyumbani walau. Mtu akishaamua kutokuona, huwa haoni vizuri sana.

Asubuhi ile biashara ilikwenda kimya. Nyabuto aliuviringishia mti ule vipande vya debe, akavigonga, na watu waliopita walitazama mikono yake wakanyamaza. Mmoja aliyekuja kuchukua faneli aliichukua bila kubishana na bila kungoja somo. Mama aliyeuza ndizi ng'ambo yake alifunga mzigo wake mapema, akamtazama kwa huruma nyingi, akaondoka. Nyabuto alifikiri leo amewavutia.

Jua lilipokuwa la utosi akamwona Mokeira anakuja mbio, leso mkononi. Akamweleza akihema. Filister, mke wa Walter, alikuwa akitoka mtoni, akainua macho, akaona kilele hakina mti. Mtungi ukamponyoka, akapiga nduru. Wanawake wa Kiluo wakamjibu kutoka boma hadi boma, Wakisii wa sokoni wakasikia, isipokuwa yeye na nyundo yake, na sasa uwanja umejaa watu na matawi ya maombolezo. Mokeira amejaribu kusema, hakuna anayemsikiliza; wanasema mkaza mwana amepagawa kwa uchungu. Na Walter ameomba pikapu ya mfanyabiashara mmoja, ameshakwenda Homa Bay.

"Kufanya nini?" Nyabuto aliuliza.

"Kuufuata mwili."

Alitimua mbio. Alipofika kwake ndipo alipogundua kwamba mti bado anao mkononi, na watu wote wakauona. Nduru zikapanda upya. Mzee mmoja wa Kiluo akamkumbatia, akamwambia kwa upole alie, mwanamume naye huruhusiwa kumlilia baba yake. Nyabuto akasema baba yake hajafa. Mzee akampigapiga mgongoni. Akasema tena kwa sauti. Wakamhurumia zaidi, maana kila mtu alijua kwamba hakuna mwana atakayeshusha mti wa baba aliye hai, kwa hiyo maneno haya ni ya kuchanganyikiwa tu.

Ikambidi aseme yote. Akasimama katikati ya uwanja, akasema kwamba yeye Nyabuto amepanda juu ya nyumba ya baba yake, ameung'oa mti kwa mkono wake, kwa ajili ya kuvuja, na kwamba baba yake yuko Homa Bay akitibiwa. Aibu ilimpanda kutoka nyayo. Hakujua mtu anaweza kuona aibu mpaka masikio yakazimika. Vilio havikukoma kwa pamoja. Vilikoma kimoja kimoja, na cha mwisho kilikuwa cha Filister, ambaye alikuwa amelala chini na vumbi hadi kwenye nywele. Aliinuka polepole.

"Kwa hivyo," alisema, "mimi nimemlilia jaduong', mzee wa watu, ambaye anakula uji?"

Hakuna aliyecheka. Nyabuto aliwaza kwamba sasa wataondoka, wamwache na aibu yake faraghani. Hawakuondoka. Wakaweka matawi chini, wakaketi, wakasema watamngoja Ombui wamwone kwa macho. Basi wakakaa, na yeye akakaa nao, mti magotini, na lile bati juu likimeta kwa ukaidi mbele ya wote.

Ya Homa Bay alikuja kuyasimulia Nyasuguta baadaye. Walter aliingia wodini na blanketi jipya la kumfunikia maiti, akamkuta maiti ameketi kitandani, kikombe mkononi. Blanketi likaanguka. Ombui akamwuliza nani amekufa. Walter, ambaye hajui kudanganya hata kidogo, akamwambia. Mzee akacheka mpaka kikohozi kikamkamata. Akitafuta pumzi akauliza, huku bado anatabasamu, ni nani aliyeushusha mti. Walter akamtajia. Tabasamu likaondoka, na mzee akaomba suruali yake. Wauguzi walimwambia hajapona sawasawa. Akasema anaombolezwa nyumbani, si adabu kuchelewa.

Akarudi katika pikapu iliyoombwa kumchukua akiwa mfu, ameketi mbele kando ya dereva, blanketi jipya mabegani. Watu wakasimama wote. Wengine walirudi nyuma kidogo. Ombui alishuka, akatazama kilele cha nyumba yake kwa muda mrefu, kisha akawageukia watu, akamsalimu kila mmoja kwa mkono, akiwashukuru kwa machozi yao. Kwa Filister alikaa zaidi. Akamwambia amesikia kwamba yeye ndiye aliyeanza, na kwamba jirani wa namna hiyo hapatikani kila mahali. Filister akaanza kulia tena, safari hii bila sauti.

Kisha akamjia mwanawe. Nyabuto alikuwa amemwandalia maneno: maji, kifua, kulala pakavu. Aliyasema, na yote yalikuwa kweli. Ombui alimsikiliza mpaka mwisho.

"Hiyo ni sababu ya koni," alisema mzee. "Nakuuliza sababu ya haraka. Kwa nini hukuningoja?"

Nyabuto akautazama mti mkononi mwake.

"Ulikuwa unaionea aibu nyumba yangu?"

Angeweza kusema hapana. Waliojua kusoma na wasiojua, Wakisii na Waluo, wote walikuwa wakimtazama mdomoni. Aliinamisha kichwa, na kichwa kikajibu.

"Haya," Ombui alisema, na sauti yake haikuwa na hasira, jambo lililomuumiza mwanawe kuliko hasira. "Sasa tumeona aibu sote wawili."

Nyabuto akamnyooshea ule mti. Ulikuwa umebonyea kwa nyundo, umechubuka pale bati lilipoukata. Ombui aliugeuza, akampa Walter, maana ulitoka kwa baba yake. Walter aliupokea kwa mikono miwili, akavuka nao barabara kwenda kwake.

Usiku ule na baadaye Ombui alilala ndani ya msonge wake, chini ya koni ya bati, na mvua zilipokuja hakulowa. Makambi yalifika, wageni wenye tai wakaisifu kazi ile, wakauliza fundi ni nani. Ombui akamwonyesha mwanawe. Nyabuto akatamani ardhi immeze. Wageni walipoondoka alimwendea baba yake, akamwomba ruhusa atafute mti mwingine, auchonge yeye mwenyewe, au amwombe Walter, airudishe nyumba kama ilivyokuwa.

"Haivuji," alisema Ombui.

Mwaka uliofuata akaomba tena. Akamtuma mama yake, akamtuma Mokeira, akamleta mchungaji. Jibu lilikuwa lilelile, kwa upole uleule. Haivuji. Sokoni Nyabuto aliendelea na faneli na koroboi, lakini somo aliliacha. Mteja akimchokoza kwa kumwita Mwalimu Koni, aliinama akaendelea kugonga.

Ombui alikufa mwaka wa sitini na saba, alfajiri, baada ya kusali, kwa kifua kilekile. Nyasuguta alitoka nje akamwambia mwanawe, kisha akarudi ndani kukaa na mumewe. Hakupiga nduru, alimwachia mwana kwanza afanye la mwana.

Nyabuto akaleta ngazi. Hakukuwa na mti wa kushusha, kwa hiyo akapanda na kuing'oa misumari mmoja mmoja, akaivua ile koni, kilele kikabaki uchi. Akangoja watu waone. Jua lilikuwa limetoka. Mtu mmoja alipita na baiskeli, akampungia mkono, akaenda zake. Wanawake wawili wakapita na vikapu vyao vya soko, wakamsalimu, wakaendelea na mazungumzo yao. Kisha akaja Filister na mtungi wake, akienda mtoni. Alisimama barabarani, akaweka mkono juu ya macho kukinga jua, akamtazama fundi huko juu na bati lake kifuani.

"Nyabuto," aliita, "imeanza kuvuja?"

Nyabuto akashuka ngazi akiwa ameikumbatia koni, akavuka uwanja hadi barabarani, akasimama mbele yake, akamwambia kwa mdomo wake mwenyewe. Kisha akaenda kwa Walter, na kutoka kwa Walter akaenda boma la pili, na la tatu, akibisha kila mlango, akisema kwa kila mmoja kwamba safari hii ni kweli.