Sauti ya Mlango wa Tatu

Kwanza alimcheka, kisha akamdharau, kisha akamwimbia. Na kama angeishia kwenye dharau, Tak Mi-ryeong angekuwa na amani yake mpaka leo.

Aliyechekwa ni Pyo Gwang-ho, mtayarishaji wa muziki, mmoja wa wale vijana wanaovaa kofia ndani ya nyumba. Alipozaliwa, kaseti za nyimbo za Mi-ryeong zilikuwa zimekwisha kuuzwa kwa mafungu nje ya vituo vya treni. Alimfuata kwenye kituo cha jamii cha mtaa wa Mangwon, ambako Mi-ryeong hufundisha akina mama kuimba, akamwinamia mpaka kofia ikaanguka.

"Mwalimu, tunazirudisha enzi zenu!"

"Kwani zilikwenda wapi?"

"Nasema ile hisia, Mwalimu. Ile ya zamani. Watu wamechoka na mashine, wanataka roho."

"Na roho umekuja kuikopa kwangu."

Gwang-ho akacheka kwa adabu na kumvika kilemba cha ukoka: kwamba mama yake alikuwa akimsikiliza Mi-ryeong, kwamba hakuna tena sauti kama ile, kwamba taifa zima lina deni kwake. Mi-ryeong alijua ni uongo. Akauvaa hata hivyo.

Wimbo wenyewe uliitwa "Sarafu ya Mwisho". Msichana yuko kwenye kibanda cha simu, mvua inanyesha, sarafu zinamwishia na neno la maana hajalisema. Gwang-ho hakuwahi kusimama kwenye foleni ya kibanda cha simu huku mlevi wa nyuma akigonga kioo na kumtukana. Kwake yeye kibanda kile kilikuwa kitu kitamu. Ganda la muwa la jana, chungu kaona kivuno.

Wa kuuimba alikuwa Seol A-rin, msichana wa miaka ishirini na miwili ambaye uso wake umebandikwa kwenye matangazo ya vipodozi mpaka ndani ya treni. Mi-ryeong aliitwa auimbe kwanza, ili A-rin apate pa kuigia. Ndivyo kazi inavyokwenda: nyota huletewa wimbo ukiwa umeshaimbwa na mtu mwingine, ausikilize mpaka umwingie, kisha ile sauti ya mfano hutupwa. Jina la mwenye sauti haliandikwi popote, naye hatakiwi kwenda kusimulia. Mi-ryeong aliyajua yote hayo. Alikubali kwa sababu kwa miaka mingi hakuna aliyemweka mbele ya maikrofoni ya maana, na hamu haina haya.

Akaimba. Aliimba vizuri, na alijua ameimba vizuri. Lakini walipomsikilizisha baadaye, akasikia kitu kinakwaruza.

"Mtambo wenu umeharibika?"

"Hapana, Mwalimu! Huo ni mkwaruzo wa santuri. Tumeuongeza sisi."

"Mmeongeza uchafu?"

"Ndiyo utamu wenyewe huo!"

Ujana wake wote Mi-ryeong aliwapigia magoti mafundi waufute mkwaruzo ule, na leo unanyunyizwa makusudi kama ufuta juu ya wali. Hawakuishia hapo. Wakatia mwangwi wa bafuni, wakaivuta sauti juu kidogo, wakaitetemesha mahali ambapo yeye hakuwahi kutetemeka. "Iwe ya zamani zaidi," akasema Gwang-ho, na wa zamani mwenyewe yuko mbele yake anakunywa kahawa.

A-rin alikuja, akainama, akajaribu. Hakuwa mvivu wala mwenye maringo, jambo lililomkera Mi-ryeong, maana alikuwa ameshaiandaa dharau yake. Beti alizimudu. Kiitikio kikamshinda. Kila alipofika pale sarafu inapoanguka, sauti ilimkauka akabaki anaomba radhi.

"Tutarekebisha," akasema Gwang-ho.

Wakarekebisha. Majira ya kupukutika majani Mi-ryeong alikuwa sokoni akichagua kabichi za kuchachusha kimchi pamoja na wanafunzi wake, redio ya muuza samaki ikawa inaimba. Ubeti wa kwanza alikuwa A-rin. Kiitikio kikaingia, naye akasimama na kabichi kifuani kama mtoto mchanga. Alikuwa yeye. Wamemvuta, wamemtetemesha, wamemkwaruza, lakini alikuwa yeye.

Akampigia Gwang-ho simu pale pale kati ya samaki.

"Kile kiitikio ni mimi!"

"Ni A-rin, Mwalimu. Tumechanganya kidogo, kwa chini."

"Kwa chini? Yeye ndiye yuko chini!"

"Mwalimu, usipandishe presha. Huu wimbo umekufufua. Vijana wote wanaulizia."

"Wananiulizia mimi?"

"Wanaulizia enzi zako."

Wimbo ukashika namba moja ukakaa. Magazeti yakaandika kwamba binti wa miaka ishirini na miwili amerithi huzuni ya bibi zetu. Kule mtaa wa Seongsu kampuni ya A-rin ikasimamisha kibanda cha simu kisicho na waya, na watu wakapanga foleni kupiga picha wakilia ndani yake. Profesa mmoja wa muziki akatamka kwenye televisheni kwamba kiitikio kile hakifundishiki. Mi-ryeong alimtazama na kumtukana kwa jina la ukoo wake. Darasani, akina mama waliomba wafundishwe wimbo huo huo, na alipowaimbia, mmoja akamnong'oneza mwenzake, "Mbona A-rin haimbi hivyo?"

Hapo ndipo alipojiandikisha kwenye kile kipindi cha milango cha televisheni. Msanii hujificha nyuma ya mlango mmoja, waigaji wake nyuma ya mingine, kila mmoja huimba kipande, na ukumbi humpigia kura yule asiyefanana. Juma lile ilikuwa zamu ya A-rin. Mi-ryeong hakutaka zawadi wala makofi. Alitaka jambo moja tu: watu wamsikie bila kumwona, wenyewe waseme, huyu ndiye.

Akapewa mlango wa tatu. Mlango wa pili ukaimba kiitikio, halafu ikawa zamu yake. Aliimba kama ile siku ya kwanza kabla hawajamchafua, bila kutetemeka, akaiacha sarafu ianguke yenyewe. Akashusha pumzi.

Mtangazaji akamgeukia yule profesa, ambaye hakosekani palipo na kamera. "Profesa, mlango wa tatu?"

"Mwigaji, tena kijana sana. Anajitia uzee, lakini masikini hana machungu. Haya mambo lazima uwe umeyapitia."

Ukumbi ukaitikia kwa makofi. Kura zilipohesabiwa, mlango wa tatu ndio uliotolewa wa kwanza.

"Mlango wa tatu, tokaa!"

Mi-ryeong akatoka na nywele zake zenye mvi. Watu wakashangaa, wakampigia makofi ya huruma, yale ambayo mtu humpigia mzee aliyecheza harusini.

"Mama! Kumbe ni wewe uliyekuwa humo! Una neno la kumwambia A-rin wetu?" mtangazaji akauliza.

Akaichukua maikrofoni. "Kiitikio kilicho kwenye ule wimbo nimeimba mimi. Sauti hiyo ni yangu."

Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Kwenye kipindi kile hakuna mwigaji anayetolewa asijidai kuwa ndiye msanii halisi. Ndio utani wao, na watu huusubiri. "Kila juma hatumkosi wa hivi!" mtangazaji akapiga kelele huku akifuta machozi. Profesa alijipiga mapaja. Kwenye viti vya mbele Gwang-ho ndiye aliyeanza kucheka na ndiye aliyemaliza wa mwisho. Mi-ryeong aliwatazama wote, na akawachukia wote, mmoja mmoja.

A-rin alishinda. Baadaye alimkuta Mi-ryeong kwenye ujia mwembamba wa nyuma akivaa koti, akainama mpaka kiunoni na hakuinuka.

"Nisamehe, Mwalimu. Sikujua watakitumia kiitikio chako. Na leo, waliposema lazima niimbe mwenyewe... nimefanya mazoezi mpaka nikatema damu. Nilikuwa naisikiliza ile rekodi yako tu. Nisamehe."

"Ulikuwa mlango wa pili."

"Ndiyo, Mwalimu."

Mi-ryeong akafunga vifungo vyote vya koti kabla ya kujibu.

"Kuiba ningekusamehe. Wezi nimeishi nao maisha yangu yote, na wewe hata hukuiba, uliletewa kilichoibwa. Lakini nilikuwa nimesimama kule gizani nakusikia, nikajisemea, haya sasa, huyo ndiye Tak Mi-ryeong. Umeniimba kuliko ninavyojiimba. Hilo, mwanangu, sikusamehei."