Mwanga Usio na Leseni

Mkaguzi wa shirika la umeme alifika wakati Mama Sindano anatia upindo kwenye sare za shule. Alipanda ngazi, akaichungulia mita iliyokuwa juu ukutani, kando ya mlango, kisha akaingia ndani kuangalia vifaa. Alikuta taa mbili, pasi na cherehani ya mota. Hakukuwa na kingine cha kuangalia. Akasema nyumba hiyo inavuta umeme wa kiwanda kizima, na kwamba huo ni mzigo usioidhinishwa.

"Kiwanda gani, baba?" Mama Sindano aliuliza. "Humu tupo mimi na mama mkwe wangu, basi."

"Mimi nasoma mita tu, mama."

Akakata waya unaoingia ndani, ule unaotoka kwenye nguzo akauacha, akamwachia hati ya faini. Hata kama Mama Sindano angeuza nyumba, cherehani na kila kibiringo cha uzi, asingefikisha nusu yake.

Mama mkwe alisikia yote akiwa kitandani. Alikuwa hajasimama tangu azikwe mwanawe, mume wa Mama Sindano. Mwanawe alikuwa fundi wa laini wa shirika hilohilo, na alifia juu ya nguzo siku umeme uliporudishwa kabla hajashuka. Shirika lilisema alipanda bila kibali, kwa hiyo familia haikupewa hata pole.

Jioni hiyo, giza lilipoingia, mama mkwe alianza kuwaka. Zilianza kucha, zikafuata viganja, na chakula cha jioni kilipoiva uso mzima ulikuwa unatoa mwanga mweupe uliotulia, usiochezacheza kama ule wa shirika.

"Mama, unawaka," Mama Sindano alisema.

"Naona. Sogeza sare zako hapa, zisikulalie."

Mama Sindano akasogeza kiti karibu na kitanda, akaumalizia upindo kwa mkono. Siku zilizofuata majirani walianza kuwaleta watoto wao na madaftari. Walimwamkia bibi, wakakaa sakafuni kuzunguka kitanda, na anayesinzia alifinywa sikio na bibi mwenyewe.

Habari zilifika kwenye shirika. Mkaguzi akarudi na hati ya pili: kuzalisha umeme bila leseni. Watu walimshauri Mama Sindano akubali yaishe, maana mwenye nguvu mpishe. Yeye akajibu kwamba ameshapisha vya kutosha, mpaka mgongo umegota ukutani. Akaenda mahakamani.

Hakuwa na wakili. Alisimama mbele ya hakimu amevaa gauni aliloshona mwenyewe, akaeleza kwamba ndani hakuna umeme tangu akatiwe, lakini mita bado inakimbia mbio.

"Mheshimiwa," wakili wa shirika akasema, "mshtaki mwenyewe anakiri kwamba mita inakimbia. Basi matumizi yanaendelea."

Karani aliandika hivyo. Mama Sindano akaishusha sauti. Akaomba mahakama ifike nyumbani kwake: kuna kitu ukutani, mwanga wa mama mkwe unakionyesha.

Walifika mchana: hakimu, karani, wakili na mkaguzi. Mama Sindano aliziba dirisha kwa blanketi. Mama mkwe akaomba bega, akasimama, akaweka kiganja chini ya mahali palipofungwa mita. Matofali yakawa maangavu kama karatasi iliyomwagikiwa mafuta, na ndani yake ukaonekana waya mnene kama kidole gumba. Ulitoka nyuma ya mita, ukashuka ukutani, ukapita chini ya kitanda chake mwenyewe.

Bibi akaufuata. Alitembea taratibu, mkono mmoja kwenye bega la mkwe wake, na kila alipokanyaga, ardhi iliangaza chini ya nyayo zake, waya ukaonekana. Msafara ukavuka ua nyuma yake. Waya ulipenya chini ya uzio wa kiwanda cha mbao, na ng'ambo ya pili misumeno ilikuwa inapiga kelele. Kiwanda hicho ndicho kinacholichongea shirika nguzo zake. Mkaguzi aliangalia viatu vyake.

"Napinga," wakili akasema.

Hakimu alifuta miwani, akatafakari, kisha akatoa uamuzi palepale uani. Ushahidi ulioonekana kwa mwanga usio na leseni haupokelewi.

"Lakini umeuona, mheshimiwa," Mama Sindano alisema. "Umeuona kwa macho yako!"

"Nimeuona. Ila mwanga huo ukiondolewa, mimi naona ukuta."

"Basi uvunjwe!"

"Kuvunja ukuta wenye waya wa shirika bila idhini ya shirika ni kosa jingine, mama. Usijiongezee."

Mama Sindano akasema kwa sauti iliyoshinda misumeno kwamba wanaoiba wanajulikana na wanaolipa wanajulikana, na kwamba aibu hiyo haihitaji taa. Hakimu alimsubiri amalize. Karani hakuandika.

Cherehani ilichukuliwa wiki hiyohiyo kufidia sehemu ya deni. Shirika, kwa huruma yake, lilikubali kumsajili mama mkwe, alipie kila anachowaka, badala ya kumfungulia shauri jipya. Mkaguzi alikuja na mita ndogo, akaifunga kwenye mkono wa bibi juu ya kiwiko, akaipiga lakiri.

"Nisamehe, mama. Mimi nimetumwa tu."

"Hata mwanangu alitumwa," bibi akasema. "Umekula?"

Mkaguzi akasema amekula, akachukua ngazi yake akaondoka haraka.

Watoto walipofika jioni walimkuta bibi ameshakaa kitandani, anawaka kama kawaida. Mama Sindano alimwambia apunguze kidogo, deni lisije likawameza. Bibi akasema hajui kupunguza, na hata angejua asingepunguza, kuna mtihani. Basi mkwe wake akatunga uzi, akashona kwa mkono sare za watu. Gurudumu dogo la mita lilizunguka kwenye mkono wa mzee, na kiwandani waliingia zamu ya jioni.